Kijiko Kisichohesabiwa

Siku ile ile Kalunde alipoambiwa ana kisukari, mumewe Kiema alipitisha sheria nyumbani kwao Migwani: sukari isivuke kizingiti. Kilo iliyobaki kabatini aliipeleka kwa jirani yao Ndunge. Binti yao Mwongeli alipokuja kutoka Emali na mandazi, mzee aliyanusa, akayarudisha kwenye mfuko.

"Baba, hata moja?"

"Hata nusu."

Lakini kila asubuhi, kwa mkono wake mwenyewe, Kiema alikoroga vijiko viwili vya asali katika uji wa mkewe.

Asali hiyo ilitoka kwenye mizinga yake ya magogo, kila mmoja umechongwa alama ya ukoo, mishale miwili iliyopishana. Baba yake aliirina kabla yake, na babu yake pia. Kwa Kiema, sukari ilikuwa kitu cha kiwandani, kilichochemshwa na kusafishwa mpaka kikapoteza ukoo wake. Asali ilikuwa maua ya migunga na jasho la nyuki. "Ya porini haihesabiwi, Mama Mwongeli," alimwambia. Kalunde alikunywa, akalamba kijiko. Mambo ya nyuki ni ya wanaume, alimwamini.

Miezi minne ikapita. Kidonda cha kidole gumba cha mguu wake wa kushoto kikakataa kufunga. Kikaanza kunuka.

Kliniki, muuguzi Nasteho alitazama mashine, akakunja uso. "Kumi na saba tena. Mzee Kiema, nyumbani mnatumia sukari?"

"Mwanangu, sukari haijaingia kwangu tangu mwezi wa pili. Uliza majirani."

Alilisema hilo kifua mbele, nalo lilikuwa kweli tupu.

"Basi dawa ndiyo haitoshi," Nasteho alisema. Akapandisha dozi ya sindano ya insulini ya asubuhi kutoka yuniti kumi na sita hadi ishirini na nne. "Tukikosa kuona tofauti kwa wiki mbili, nitamwandikia aende hospitali ya Kitui. Huko ndiko wataamua kama kidole kinabaki."

Kalunde akauvuta mguu chini ya leso yake.

Walipokuwa kwenye foleni ya dawa, Kiema alimsikia Nasteho akimkemea mgonjwa mwingine mlangoni. "Sukari guru ni sukari. Asali ni sukari. Asali ina ladha yake na vitu vyake vidogo vidogo vizuri, sikatai, lakini ikifika kwenye damu haiulizwi imezaliwa wapi!"

Njia nzima Kiema alibishana naye moyoni. Msichana wa juzi, atamfundisha asali yeye?

Hata hivyo hakulala vizuri. Asubuhi alichukua mashine ndogo ya kupimia sukari aliyoileta Mwongeli, akajidunga kidole mwenyewe. Nne nukta tisa. Akanywa uji wenye vijiko viwili vya asali, akangoja saa nzima. Nane nukta moja. Kesho yake alikwenda kwa Ndunge kuomba vijiko viwili vya sukari.

"Wewe?" Ndunge akacheka mpaka akashika mlango. "Askari wa sukari leo amekuja kukopa!"

Uji ule ule, vijiko viwili vya sukari, saa ile ile. Nane nukta tatu.

Aliitazama namba hiyo mpaka kioo kikazima. Mtu mwingine angerudi kliniki. Lakini Kiema alikuwa mzee wa kanisa, na mbele ya muuguzi alikuwa amesema waulizwe majirani. Akaamua kuacha asali kimyakimya. Namba zitashuka, kidole kitapona, na hakuna atakayejua.

Asubuhi iliyofuata alimdunga Kalunde ishirini na nne, kama kawaida, akamletea uji mtupu.

"Huu ni uji wa wagonjwa," Kalunde alisema.

"Kwani wewe ni mzima?"

Akanywa nusu, akausukuma.

Kabla ya saa nne alikuwa uani akipukusa mbaazi. Kiema alisikia ungo ukianguka. Alipotoka, mbaazi zilikuwa zimetawanyika na mikono ya mkewe ilikuwa ikitetemeka. Jasho lilimtiririka, na jua lilikuwa halijawa kali.

"Mulei," alimwambia, "fungia mbuzi."

Mulei alikuwa kaka yake Kalunde. Alikufa miaka tisa iliyopita.

Kiema akamdunga kidole. Mbili nukta sita. Hajawahi kuona namba ndogo hivyo. Akampigia Nasteho.

"Anaweza kumeza?" Nasteho aliuliza mara moja.

"Anaweza."

"Mpe sukari, vijiko vitatu kwenye maji kidogo. Sasa hivi!"

"Hakuna sukari."

"Soda?"

"Hakuna." Macho yake yakatua kwenye rafu. "Kuna asali."

"Basi mpe asali, mzee, unangoja nini? Kijiko kikubwa, polepole asipaliwe!"

Akampa. Kalunde akameza, nyingine ikamshuka kidevuni. Dakika kumi na tano Kiema alikaa chini kwenye mbaazi, ameushika mkono ule uliolowa, akiomba bila maneno. Akapima tena. Nne nukta nane.

Kalunde alimtazama, na safari hii alimwona yeye. "Baba Mwongeli, mbona umekalia chakula?"

Simu ilikuwa bado wazi. "Mzee," Nasteho alisema, "sukari ya mtu haianguki hivyo bure. Leo kuna nini kimebadilika?"

 Kiema angeweza kusema hajui. Kesho angemdunga tena ishirini na nne juu ya uji mtupu.

Kalunde akatazama bakuli la uji mtupu, akatazama kijiko chenye asali. "Kwa hiyo miezi hii yote," alisema polepole, "nyuki wako ndio waliokuwa wakinila kidole?"

"Sikujua."

"Jana ulijua; nilikuona ukijipima. Mwambie."

Kiema akabonyeza sauti ya simu ikawa kubwa, mkewe naye asikie.

"Mwanangu," alisema, "andika. Vijiko viwili vya asali, kila asubuhi, miezi minne. Nilikuwa nampa mimi. Leo nimeacha, sikukwambia."

Nasteho alivuta pumzi. "Mpe chakula sasa, umpime tena baada ya saa moja. Kisha mlete leo leo, tupange dozi upya. Na kidole, mzee, sasa angalau najua ninapigana na nini."

Kalunde alikuwa tayari akiokota mbaazi, moja moja. Kiema akapiga magoti, akaokota naye.