Mpaka Unapita Mezani

Kamati ya Jumba, ile nyumba kubwa ya mabwana wa zamani kijijini kwetu, ilipofunga lango haikuniuliza mimi. Wakubwa hawaulizi mtu, wanabandika tangazo. Njia imefungwa, lilisema, kwa usalama wa wageni. Njia hiyo ndiyo niliyokuwa nikipita kila Jumapili kwenda kwenye kaburi la mke wangu, Enid. Sasa ilinibidi nizunguke kwa barabara kuu, na magoti yangu yameharibika kwa kuzibua mitaro ya kinamasi chao hiki hiki.

Nilimwendea mwenyekiti, Bwana Fairbrass, mtu wa London, viatu havijawahi kuona tope.

"Mzee Wilf," akasema, "kwani kaburi linakimbia?"

Nilirudi nyumbani nikanoa kisu, nikaenda kukata fimbo.

Kila mwaka, kabla ya sikukuu ya Kupaa, sisi wa Sallowfleet hutembea mpaka wa parokia yetu, tukichapa kila alama kwa fimbo ili isisahaulike. Mtunza fimbo ni mimi. Tukizuiwa mahali, tunasimama hapo hapo, mchungaji anasoma zaburi, mpaka tupishwe. Na mpaka wenyewe unafuata mtaro wa zamani. Bwana mmoja wa Jumba, enzi hizo, alikuwa na tamaa hata akajenga chumba cha kulia juu ya mtaro. Basi tunaingia kwa dirisha moja na kutokea kwa jingine, tukielekea langoni. Mabwana wa zamani walitandika magunia na kutuwekea bia.

Fairbrass hakujua. Nani angemwambia, na yeye haulizi?

Siku ya kutembea mpaka ilipofika, mvua ilikuwa imenyesha tangu alfajiri. Kamati ilikuwa mezani, inakunywa supu. Wa kwanza kuingia dirishani alikuwa Perce Huggett, mchunga kondoo, na mbwa wake.

"Msisimame," akawaambia. "Endeleeni na supu."

"Mnafanya nini humu?" Fairbrass akauliza.

"Tunapita tu, bwana. Mpaka uko hapo, kati yako na chumvi." Perce akaichapa meza.

Tukaingia wote, buti na tope lake. Mbwa akajikung'uta karibu na mapazia.

"Basi piteni, mtoke."

"Tungetoka," akasema mchungaji wetu, Mama Hester, mpole kama kawaida yake, "ila lango la huko mbele limefungwa. Tutangoja hapa." Akafungua Biblia. "Zaburi ya mia na kumi na tisa."

"Ni ndefu?" Fairbrass akaninong'oneza.

"Kiasi," nikasema.

Mama Hester hana haraka na neno la Mungu. Supu ikapoa. Maji ya mtaroni yakawa yanatutiririka zuliani. Mjumbe mmoja wa kike alikuwa anacheka ndani ya kitambaa cha mezani. Hata nusu hatujafika, Fairbrass akautoa ufunguo wa lango mfukoni.

"Chukueni. Mtaurudisha lini?"

"Mpaka unatembelewa kila mwaka," nikamwambia. "Nitautunza pamoja na fimbo."

"Mzee, huo ni ufunguo wa kamati."

Mama Hester akafungua ukurasa mwingine.

"Utunze," akasema Fairbrass.

Jumapili nilipita langoni, nikamsimulia Enid yote. Najua angecheka. Lakini kwanza angeniuliza kama nilifuta buti kabla ya kukanyaga zulia la watu.