Nyasi Zilizolala

Jeshini kila mtu ana kazi yake ya kuringia. Yangu ilikuwa kufuta njia. Doria ikiingia nyasini, na nyasi za uwanda wetu humzidi mtu kimo, askari hufuatana mmoja mmoja, na wa mwisho hutembea kinyumenyume. Mkononi ana ufito wenye panda. Kila hatua anainua majani yaliyokanyagwa na kuyachanganya na yaliyosimama, mpaka ukitazama usiamini kwamba hata sungura kapita hapo. Niliifanya kazi hiyo hadi magoti yakagoma. Wakaniita Kinyume, na jina likanikaa kuliko nililopewa na wazazi. Ufito nikamrithisha mkwe wangu, mume wa binti yangu wa pekee. Nilimtania kwamba siku nikiona alikopita, nitamdai mtoto wangu arudi nyumbani.

Siku ninayoisema, doria yake ilitakiwa iwe imerudi asubuhi. Jua lilifika utosini haijaonekana. Mlinzi wa mnarani akaona yangeyange, ndege weupe wa nyasini, wakishtuka na kuruka upande wa mashariki, kundi baada ya kundi, kila mara karibu zaidi. Adui alikuwa anakuja, amejificha ndani ya nyasi. Sisi ngomeni tulikuwa wachache, na nyuma ya ukuta wetu wa udongo kulikuwa na wake na watoto wa askari.

Kapteni akaniita chumba cha zamu. Chumba chenyewe kidogo, meza moja yenye mguu uliofungwa waya, mtungi wa maji, bunduki zimeegemea ukutani. Alikuwa dirishani, ametoa leso nje kuupima upepo. Hakuzunguka mbuyu. Upepo ulikuwa bado unatujia kutoka mashariki. Alisema ukigeuka tu, atauchoma uwanda wote, adui akiwa ndani. Nikamuuliza, na watu wetu je? Akasema anajua vizuri ni akina nani walio humo.

"Afande, nipe ruhusa nikawatafute."

"Utawatafuta wapi? Wewe mwenyewe ndiye uliyewafundisha wasionekane."

Neno hilo lilinichoma kwa sababu lilikuwa kweli. Nikasimama palepale kama mlingoti mpaka akachoka kunitazama. Akasema niende, lakini upepo ukigeuka hatanisubiri mimi wala mtoto wa mfalme. Nikamjibu kwamba sijaomba kusubiriwa. Nilijibu kwa hasira, na sijuti.

Nikapita nyumba za familia. Binti yangu alikuwa mlangoni, mimba yake pevu, anakunja upya nguo zilizokwisha kukunjwa. Nami sikusimama, maana ningesimama ningelia.

Nyasini kulikuwa na joto la tanuri. Nilizunguka huku na huko nikitafuta kosa. Nilimwomba Mungu mkwe wangu awe amefanya uvivu, akaacha walau bua moja lililovunjika. Sikuona kitu. Kijana alikuwa amenipita kwa ustadi, na kwa mara ya kwanza nikaulaani ualimu wangu. Upepo ulikuwa umeanza kulegea.

Kisha nikaiona njia. Ilikuwa pana, nyasi zimelala kama zimepitwa na mkokoteni, na chini yake alama za buti zetu zikielekea ngomeni. Furaha ilinipanda, ikafa kabla haijafika mdomoni. Mkwe wangu asingeacha njia ya namna ile akiwa na nguvu za kusimama.

Nikaifuata mbio. Niliwakuta askari wa doria wakimburuta mkwe wangu juu ya blanketi. Koplo akanieleza huku anahema: akiwa anafuta njia, alimkanyaga kifutu, nyoka mwenye sumu kali, kwa kisigino. Hakumwona, alikuwa amempa mgongo. Mguu ulikuwa umevimba mpaka wamechana suruali. Nikainama nikamwita. Hakuitika.

Nyuma yetu yangeyange wakaruka tena, karibu kabisa. Adui alikuwa ameipata njia yetu na anaifuata kama barabara ya serikali. Koplo akataka mmoja abaki awapige risasi. Nikamwambia risasi itawaonyesha tulipo. Nikachukua ufito uliokuwa umelazwa kifuani pa mkwe wangu.

"Kateni kushoto, ingieni kwenye majani mazima. Mimi niko mkiani."

"Kinyume, na magoti yako?"

"Magoti ni yangu. Nendeni."

Mfuta njia hageuki. Ukigeuka, mkono unaruka jani, na jani moja linatosha kuua watu wote. Basi nikarudi kinyumenyume, uso kwa adui, mgongo kwa mwanangu, maana saa ile hakuwa mkwe tena. Blanketi lilikwaruza ardhi. Nikatega sikio nisikie kama anaugulia maumivu. Niliwasikia watu wakihema, nisijue pumzi ipi ni ya nani.

Pale tulipokata kona, njia ilipoishia, nyasi zikatikisika. Watu wakabishana kwa kunong'ona. Nikasimama, ufito hewani, jasho likiniingia machoni. Wakatawanyika upande wa pili, wakatupoteza.

Nikaendelea. Upepo uliokuwa ukinipiga usoni ukakata, kisha ukanigusa mgongoni. Nikajua umegeuka. Nikawahimiza wenzangu kwa sauti ya chini.

Mara buti zikagonga ardhi tupu iliyofyekwa mbele ya ngome. Askari wenye vijinga vya moto wakanipita pembeni mbio. Kapteni hakuwa amesubiri, watu wake walikuwa tu hawajazifikia nyasi. Moto ukanguruma mbele ya macho yangu.

Kazi ilikuwa imekwisha, lakini bado sikugeuka. Niliogopa. Nyuma yangu lango lilifunguliwa, nikasikia wanawake wakikusanyika. Halafu ikaja sauti ya binti yangu.

"Huna macho kisogoni, unakwendaje kinyumenyume porini? Baba alishazeeka na wazimu wake, wewe una mtoto njiani. Nitazame nikisema nawe!"

Sauti chovu ikamjibu kwamba amesikia, apunguze kelele, mguu unauma. Ndipo nikageuka, na kilio nilichokizuia tangu mchana kikanitoka mbele ya kikosi kizima.