Kobe Hapigi Ramli

Uvumi ule Philomena aliusikia bombani, akiwa ameinama kusubiri ndoo ijae, na tangu siku hiyo ukamganda kama ruba. Ulisema hivi: huko Rwamgasa kuna mtu alikuwa na kobe. Kobe akalamba udongo nyuma ya nyumba. Mwenye nyumba akachimba palepale, akatoa dhahabu ya kujaza kichupa cha dawa ya macho. Basi. Aliyeusimulia hakumwona kobe, hakuiona nyumba, wala kichupa hakukishika. Alisikia kwa mwingine, aliyesikia kwa mwingine.

Kambi ya mgodi ilikuwa na uvumi wa namna hiyo tele, na siku nyingine Philomena angecheka, akajitwika maji yake, akaenda zake. Safari hii hakucheka. Nyumbani kwake kulikuwa na kobe, na kobe huyo alikuwa na wiki mbili anakula udongo.

Kobe alikuwa wa bintiye, Klara, mwenye miaka minane. Baba mtu, Thobias, alimwokota njiani akitoka zamu, mwaka wa hamsini na moja, akiwa mdogo wa kuenea kiganjani. Wakamwita Nyapara, kwa sababu alitembea polepole, shingo mbele, akikagua kazi za watu bila kugusa kitu. Philomena alikuwa amezika watoto wawili waliomfuata Klara, na mtoto alipoanza kumsimulia kobe habari zake za siku nzima, hakumkataza. Afadhali aseme na kobe kuliko anyamaze.

Naye Nyapara alikula walichokula wenyewe. Kila mwenye mdomo katika kambi ile alikula posho ya mgodi: unga wa mahindi, maharage, chumvi. Asubuhi kobe alipewa kiporo cha ugali, mchana ugali na dagaa, na siku Klara akipata maziwa, nusu kikombe ilikuwa ya kobe. Philomena aliona. Akasema mtoto ana moyo mzuri. Hilo ndilo lililokuja kumuuma baadaye, kwamba aliona.

Siku ile ya uvumi alipofika nyumbani na maji kichwani, uvumi ulikuwa umeshamtangulia. Uani alimkuta mumewe na Cornel, mwenzake wa zamu, mtu wa Bukoba, mwenye maneno mengi kuliko kazi. Wamechuchumaa. Mbele ya Nyapara wameweka sahani tatu za udongo.

"Shemeji," Cornel alisema, "kumbe umekalia mali."

"Hizo ni sahani zangu za kulia."

"Tutaziosha. Tazama kwanza."

Udongo ule waliutoa ng'ambo ya kijito, kwenye mashimo matatu waliyokuwa wakipekuapekua siku za Jumapili. Nyapara akanyoosha shingo, akaivuka sahani ya kwanza, akaanza kulamba ya pili. Cornel akapiga kofi pajani.

"La bondeni! Baba Klara, si nilikwambia? La bondeni!"

"Mimi mimba ya Klara nilikula udongo wa kichuguu miezi mitano," Philomena alisema, akitua ndoo. "Mbona hamkuchimba chini ya kitanda changu?"

Thobias akacheka. Cornel hakucheka. "Wewe ilikuwa hamu ya mimba, shemeji. Huyu ana kipaji."

"Huyu ana njaa."

"Njaa ya nini, na anakula ugali kama sisi? Kobe gani wa kambi hii amenenepa kama huyu?"

Philomena akazichukua sahani zake, akazisugua kwa majivu huku anauma meno.

Jibu alilipata kwa kuku. Asubuhi ya tatu yake mtetea mmoja alitaga yai lisilo na ganda gumu, laini kama ngozi iliyolowa. Hilo halikumshangaza. Kwao Kagongwa kila mwanamke alijua dawa yake: unachukua maganda ya mayai, unayakausha motoni, unayatwanga, unawamwagia kuku. Akatwanga, akamwaga. Kuku hawajafika, Nyapara akatoka kivulini mbio, ndiyo, mbio, akajipenyeza katikati yao na kuyala yale maganda kama mtu aliyeitiwa karamu.

Philomena akamwinua. Akambonyeza mgongoni kwa kidole gumba.

Gamba likabonyea.

Lilibonyea kama lile yai. Akamtazama macho, yamevimba, yamefunga nusu. Miguu ya nyuma aliiburuza. Unene ule aliousifu Cornel ulikuwa uvimbe. Philomena akakaa chini palepale kwenye vumbi, mnyama mapajani, hasira ikampanda na hakujua amrushie nani. Kipaji! Mwili wa kiumbe huyu ulikuwa unaomba chokaa ya kujengea gamba, unaiomba hata kwenye udongo, na watu wazima wenye ndevu wamechuchumaa wanamwona mganga wa dhahabu. Naye mwenyewe, mwenye darasa la nne, ameona kwa miaka miwili na kusema mtoto ana moyo mzuri.

Siku hiyo akamfungulia kobe lango la ua, akamfuata kwa nyuma ajue atachagua nini akiachiwa. Nyapara akaupita ugali. Akala majani makavu ya nyasi, akala magugu ya kando ya njia, akang'ata mlenda, akala maua ya njano ambayo Philomena hakulijua jina lake. Kwenye mpungate akasimama mpaka Klara akamkatia kipande na kukikwaruza miiba.

"Mama, kumbe anakula kama mbuzi!"

"Kama mbuzi, mwanangu. Na sisi tulimlisha kama mchimbaji."

Tangu hapo ikawa amri. Nyasi kila siku, tena ndizo nyingi kuliko chochote. Majani ya porini ya kuchanganya, si aina moja tu. Maganda ya mayai yaliyotwangwa, kijiko kimoja. Maji kwenye kifuniko kipana, yasiyompita kidevu. Jua la asubuhi, na kivuli akikitaka. Wiki ya pili macho yakafunguka. Wiki ya tatu akaacha kulamba udongo kabisa.

Hapo ndipo Cornel alipokasirika.

"Umemharibu," alimwambia Philomena mlangoni, bila salamu. "Sahani tano nimemwekea, hata kunusa hanusi."

"Ameshiba."

"Utajiri umeuziba mdomo kwa majani, shemeji!"

"Baba Klara," Philomena alimgeukia mumewe, "kobe huyu asiguswe. Umenisikia?"

"Nimesikia," Thobias alisema.

Jumapili Philomena na Klara walikwenda misa. Waliporudi banda la Nyapara lilikuwa wazi. Klara akatangulia mbio kuelekea kijitoni, mama nyuma yake, viatu vya kanisani mkononi.

Wanaume wawili walikuwa kando ya shimo. Nyapara alikuwa ndani ya karai, karai lao la kuoshea dhahabu, na mchanga umemfika shingoni. Mdomo wake ulikuwa unanata.

"Mmempa nini?"

Thobias alitazama miguu yake. Cornel ndiye aliyejibu, tena kwa fahari kidogo: "Aligoma. Tukamchanganyia na asali na machicha ya pombe. Sasa anafanya kazi."

"Mchanga huu mmeuosha kwa zebaki?"

"Wa jana, kidogo tu. Shemeji, kobe ni—"

"Nyamaza!" Sauti yake ilivuka kijito, na wanawake waliokuwa wakifua upande wa pili wakainua vichwa. "Nyamaza, Cornel, umesema vya kutosha tangu mwezi jana! Zebaki! Hata fundi wa mgodi haigusi kwa mkono mtupu, na ninyi mnaichanganya na asali? Mmemlisha kiumbe mawe, mmemlisha pombe, mnangoja awaonyeshe utajiri! Kobe hapigi ramli. Kobe anakula nyasi!"

"Mama Klara," Thobias alisema taratibu, "watu wanatazama."

"Watazame! Wewe uliniambia umesikia. Ulisikia nini? Mikono hiyo iliyomshika kobe, si ndiyo inayomega ugali bakuli moja na mwanao? Wawili nimezika, Thobias. Wawili. Huyu wa tatu unamletea sumu kwenye kucha!"

Thobias akaitazama mikono yake kama mikono ya kuazima. Akashuka kijitoni, akaanza kuisugua kwa mchanga, akaisugua mpaka ikawa myekundu. Klara alikuwa ameshamtoa kobe kwenye karai, anamfuta mdomo kwa gauni lake la misa.

"Mwache, mwanangu, usimguse. Mpe mama."

Nyapara hakula tena. Philomena alimkalisha kwenye maji ya uvuguvugu asubuhi na jioni, akamwekea majani laini ya mlenda mbele ya pua. Tumbo lilikuwa limekaza kama gunia la mchanga, maana lilikuwa gunia la mchanga. Siku ya nne shingo ikalegea. Shimo la bondeni nalo, walipolifikisha kimo cha mtu, lilitoa maji na vyura.

Klara hakulia. Alinyamaza, na kunyamaza huko ndiko mama yake alikokuwa akikuogopa. Wiki nzima ilikuwa "ndiyo, mama" na "hapana, mama".

Ndipo Cornel akaja uani, kofia mkononi. Ndani ya kofia kulikuwa na kobe mdogo, hajafika ukubwa wa kikombe.

"Kobe kwa kobe, shemeji. Yaishe."

Philomena alikuwa anasonga ugali. Alisimama na mwiko ukiwa bado unafuka mvuke, na Cornel akarudi hatua mbili. "Kobe kwa kobe? Unadhani umevunja sahani?" Angeendelea, alikuwa nayo mengi. Lakini Klara alikuwa ameshanyoosha mikono, na akasema, kwa mara ya kwanza tangu Jumapili ile, neno ambalo hakuulizwa:

"Mama, huyu ana njaa."

Philomena akaweka mwiko chini. Akapasua boksi la sabuni, akachukua kipande cha mkaa, akaandika kwa herufi kubwa alizofundishwa na masista. Akampa Thobias nyundo aligongomee mlangoni. Kisha akamwamuru Klara asome kwa sauti, na wale wanaume wawili wasimame warudie neno kwa neno kama watoto wa darasa la kwanza. Wakarudia.

KOBE WA NYUMBA HII ASIPEWE:

Ugali, uji, wali, mkate wala kiporo.

Maziwa.

Dagaa na nyama.

Maharage.

Sukari, asali, miwa. Matunda matamu asizoeshwe.

Pombe na machicha yake.

Kisamvu kibichi. Majani ya nyanya. Majani ya tumbaku.

Minyaa ya uani, utomvu wake ni sumu.

Majani ya aina moja kila siku.

Kitu chochote kutoka mkononi mwa Cornel.

Mchanga wa karai, na chochote kilichoguswa na zebaki.