Shuka la Mwanga

Asubuhi ya filamu ya kwanza, mpiga picha alitandika shuka jeupe sakafuni sebuleni, akasubiri jua la dirishani lilijaze, kisha akalikunja pamoja na mkewe, pembe kwa pembe. Filamu haikuwa na mfadhili wala taa. Huko kazini alilikunjua mbele ya mwigizaji, uso ukang'aa, na mwongozaji akasema, "Kaka, huna mpinzani."

Tangu siku hiyo sebule ilikuwa giza totoro. Jua lilifika dirishani likaishia hapo. Balbu ziliwaka zikajiangaza zenyewe. Familia ikahamia jikoni.

Filamu ya pili ilichukua jiko, na mke akazoea kuchambua mchele kwa vidole. Iliyofuata ilichukua chumba chao. Mama mkwe alipokuja alipapasa ukuta mpaka kwenye kiti, akasema kinyozi hajinyoi, akaomba chai.

Ukiacha kidirisha cha choo, kikabaki chumba cha binti yao, Kitinda, aliyekuwa na mtihani wa kumaliza shule. Ndipo mwongozaji akataka mwanga wa alfajiri kwa filamu mpya.

"Baba Kitinda, hicho usikiguse," mkewe alisema. "Mtoto atasomea wapi?"

"Ni hii tu. Hii ikishika, tutapata taa."

"Hata ile ya kwanza ulisema hivyohivyo."

Mke alikataa kushika shuka. Mpiga picha aliona haya, haya ya kweli, lakini alilitandika. Kitinda mwenyewe ndiye aliyemshikia pembe za upande wa pili.

Filamu ilipoonyeshwa, ukumbi ulijaa. Alfajiri ilipotokea kwenye pazia la sinema, Kitinda alikitambua kivuli cha nondo za dirisha lake. Akafungua kitabu cha hesabu mapajani, akaanza swali la sehemu. Tukio lilikwisha kabla hajapata jibu.

Watu walisimama wakapiga makofi. Mwongozaji alipanda jukwaani akaeleza jinsi alivyoibuni alfajiri ile. Jina la mpiga picha lilipita wakati watu wakigombea mlango.

Nje, mwongozaji alimkumbatia. "Kaka, inayokuja ni ya mchana mtupu. Mwanga bado unao?"

Mpiga picha alitamani kusema hapana. "Choo bado," alijibu.

Kando yao, Kitinda alifunga kitabu, akamuuliza baba kesho aamke saa ngapi, maana mama hashiki tena na shuka lile halikunjwi na mtu mmoja.