Ruhusa ya Kupanda Bondo

Hakimu alinifunga miaka miwili kwa injini ya boti ambayo sikuiiba. Nikakata rufaa. Jaji wa Kisumu akaniachilia kwa dhamana ningoje rufaa nikiwa nje, lakini kwa masharti: niripoti polisi kila Jumatatu, nisitoke Kaunti ya Kisumu bila ruhusa ya korti, na niwe na mdhamini. Mdogo wangu Enos aliweka hati ya shamba lake la Bondo. Nikivunja sharti, shamba linakwenda.

Nikarudi Dunga, hapo Kisumu ufuoni, kuunda boti. Mwezi wa tatu mvua ikanyesha, Enos akapiga simu.

"Omera, ndugu yangu, mvua imekuja na bado natazama shamba tu."

"Panda."

"Nikutangulie? Unataka Mama anifukuze boma?"

Kwetu, baba akishafariki, mtoto mkubwa ndiye hupanda kwanza. Wadogo humngoja. Na Bondo iko Kaunti ya Siaya, nje ya Kisumu.

"Kuja Jumapili, saa mbili tu," Enos akasema. "Nani atakuona?"

"Hati ni yako, na wewe ndiye unanituma nitoroke? Nikishikwa, nitakuwa nimepanda shamba la serikali."

Akacheka, lakini kidogo.

Nikaenda kwa wakili wangu, Nabututu. Alisema majaji hawatoi ruhusa kwa sababu ya mahindi. Nikamwambia aandike vile nilivyosema, asipambe.

Kortini mwendesha mashtaka alipinga. "Ndugu zake wana mikono, Mheshimiwa."

Jaji akanigeukia. "Huwezi kuwaruhusu kwa simu?"

"Mheshimiwa, hiyo mbegu ya kwanza lazima itoke mkononi mwangu. Ningetaka kutoroka, nisingekuja kuomba."

Jaji akanipa Alhamisi moja. Saa kumi na mbili jioni niwe nimeripoti Kisumu.

Alhamisi nilipanda mistari mitatu. Enos na Joram, kitinda mimba wetu, walisimama nyuma yangu na majembe, watu wazima wenye wake, wakingoja. Nilipomaliza ndipo wakainama.

Mama alikuwa amechinja kuku, na kuku hakuwa ameiva.

"Kaa ule, baba."

"Nifungie hivyo hivyo, Mama. Nitakula Kisumu."

Nilifika kituoni saa kumi na moja na nusu. Sajini akatazama saa, akanisukumia daftari. Nikatia sahihi, na udongo wa Bondo ukabaki kwenye ukurasa. Akataka kuupangusa.

"Uache," nikamwambia.