Kisima cha Batuli Mchangani

Mto Keriko si mto wa kujivunia. Unachomoza kwenye mawe huko juu milimani Kondoa, unashuka kwa kelele nyingi kuliko maji, na ukifika tambarare unazama mchangani kabla haujaufikia Mto Bubu. Miezi saba kwa mwaka mgeni anauvuka bila kujua kauvuka. Hata hivyo, wazee waliufanya mpaka: magharibi kwa kina Mustapha, mashariki kwa kina Batuli, na hakuna aliyemnunia mwenzake.

Mvua za mwaka juzi zikauhamisha. Ukaacha njia yake ya zamani, ukapasua nyingine mashariki, nyuma kabisa ya shamba la Batuli. Mustapha, bila haya, akasema mpaka ni mto, na mto uko kule, basi shamba lote ni lake. Batuli ni mjane. Anaishi kwa vitunguu vya shamba hilo, hana pengine.

Akaja mpima, Damiani, kupima mashamba ya kijiji yapate hati. Akamwamkia Batuli shikamoo, akawasikiliza wote wawili, kisha akasema magharibi, kwenye njia ya zamani, haoni mto, anaona mchanga tu.

Batuli akachemka. Tangu usichana wake amechota maji palepale mchangani, na kila mtu wa huku anajua mto ukizama unachimbwa. Akashika jembe, akachimba, akamalizia kwa mikono, mpaka kwapani. Maji yakaja, machafu kwanza, kisha safi. Akachota kwa kata, akampa Damiani.

"Haya, unakunywa mchanga?"

Damiani akanywa akamaliza. Akakiri mto upo, akaandika: mikondo miwili, yote ina maji. Batuli akamtazama Mustapha, roho kwatu.

Kisha Damiani akapima toka mkondo hadi mkondo: mita mia moja na kumi. Akaeleza kwa upole kwamba sheria hairuhusu kulima ndani ya mita sitini toka mtoni. Sitini toka huku, sitini toka kule, zinapita mia na kumi. Na kwa Mustapha nako, sitini zimekwenda.

"Sasa langu ni lipi?" Batuli akauliza.

"Hapa hakuna la mtu, mama. Ni la mto."

Batuli akashika jembe, akaanza kukifukia kisima. Mustapha naye akaenda kuchukua jembe lake. Wakafukia pamoja, lakini Damiani alikuwa ameshatuma vipimo ofisini kwa simu.