Ulimi wa Jesca

Warumi wa kale, hao tunaowaona kwenye picha wamejifunga mashuka meupe na kusimama kando ya nguzo kama watu wasiojua shida, walikuwa na wivu na visirani sawa na watu wa Tabata. Mtu akiibiwa joho lake kwenye bafu la umma, na wa kumkimbilia hana, alichukua kibati cha risasi, ile metali laini na nzito, akakikwaruza kwa ncha ya chuma: ewe mungu wa chemchemi, aliyeniibia asilale wala asikae. Akakikunja, pengine akakipigilia msumari, akakitupa majini au kaburini, kisha akarudi nyumbani roho imetulia. Vibati vya namna hiyo vimechimbuliwa kwa mamia, na wapo wasomi waliozeekea kuvisoma.

Genoveva, mwalimu msaidizi wa historia katika chuo kimoja cha jijini, alikuwa anaandika tasnifu ya uzamivu juu ya vibati hivyo. Sura ya tatu, aliyokuwa akijivunia kuliko zote, ilidai kwamba laana zile hazikuwa na chuki yoyote ndani yake. Ilikuwa kama mtu kupeleka malalamiko ofisi ya kata: maneno ni yaleyale ya kunakili, kinachobadilika ni jina. Msimamizi wake, Dokta Kamugisha, hakuridhika. Alitaka kujua kama mtu wa kawaida aliweza kukwaruza kibati mwenyewe, au ilibidi atafute mwandishi wa kumwandikia.

"Jaribu uone," alimwambia.

Basi Benson, mumewe, akampeleka gereji kwa Mwishehe, mtaa wa pili, wakaomba vile vipande vidogo vya risasi vya kubalansi magurudumu. Mwishehe akaviyeyusha, akavigonga mpaka vikawa vyembamba kama ganda la chungwa. Genoveva akaandika Kilatini juu yavyo kwa ncha ya msumari, akinakili maneno ya kale na majina ya Warumi waliokwisha kuoza, akavikunja na kuvitia kwenye kopo la biskuti. Hilo lilikuwa mwezi wa pili. Pasaka ilipofika, Jesca, dada yake Benson, akaanza kupoteza sauti.

Jesca alikuwa na duka la viatu Sinza na ndiye mwimbishaji wa kwaya usharikani kwao, na kote huko alijulikana kwa mdomo. Alikuwa akiongea mpaka mteja ananunua kiatu kisichomwenea. Sauti ikaanza kukwaruza, ikawa ya kunong'ona, na mwisho ikazimika kabisa. Madaktari wakakuta uvimbe kooni. Wakasema watampasua Jumatatu, ila kuhusu sauti kurudi hawakuahidi kitu.

Ndiyo maana mama yao, Bi Tupokigwe, alipanda basi kutoka Tukuyu kuja kumuuguza, akafikia kwa Benson. Na ndiyo maana Jumamosi asubuhi, akitafuta sindano ya kushonea kitenge chake, alifungua kopo la biskuti.

Genoveva alimkuta mezani, kibati kimekunjuliwa mbele yake kando ya kikombe cha chai.

"Shikamoo, Mama."

Bi Tupokigwe hakuitikia. Hilo peke yake lilitosha kumtetemesha Genoveva, maana mama huyu alikuwa mtu wa kuitikia salamu hata ya mlevi.

"Haya mengine siyajui ni lugha gani," alisema. "Lakini hapa pameandikwa Jesca. Na hapa pameandikwa Tupokigwe. Tena kimetobolewa katikati. Vile vingine havikutobolewa."

Kanuni ya kale ilitaka anayelaaniwa atajwe pamoja na jina la mama yake, kwa sababu baba anaweza kubishaniwa lakini mama habishaniwi. Genoveva alikuwa ameandika ukurasa mzima juu ya kanuni hiyo. Sasa ukurasa wote haukumsaidia kitu.

Benson akatoka chumbani, shati halijafungwa vifungo, akaona kibati, akacheka. Alikuwa mtu mwema Benson, na watu wema wana tabia ya kuharakisha mambo yaishe.

"Mama, hiyo ni kazi ya chuo. Anachunguza Warumi walikuwa wanaandikaje. Mie mwenyewe ndiye nilimpeleka gereji. Ni praktikali tu."

"Praktikali kwa jina la mwanangu?"

"Alihitaji majina, akachukua ya watu wa nyumbani. Hata langu litakuwemo humo. Si ndiyo, mama watoto?"

Mama watoto. Alikuwa akimwita hivyo tangu harusini, kwa mapenzi na kwa matumaini, na mpaka leo watoto hawakuwepo.

"Ndiyo," Genoveva alisema. "Limo."

Halikuwemo. Bi Tupokigwe angeweza kukunjua vibati vyote akahakikisha, lakini hakufanya hivyo. Alishusha pumzi, akapangusa macho kwa ncha ya kanga, akaanza kucheka kidogo kidogo mpaka mabega yakatikisika.

"Na mie nilishapanga kurudi Tukuyu na mwanangu kabla hamjammaliza. Nisamehe, mkwe wangu. Kuuguza kunatia wazimu. Kesho twende wote ukamwone wifi yako, kila siku ananiandikia kukuulizia."

Genoveva akasema sawa. Kisha hakuweza kukaa. Alifua nguo zilizokwisha kufuliwa. Alipanga vitabu, akavipangua. Alifungua sura ya tatu kwenye kompyuta, akafika pale alipoandika kwamba mwenye kibati hakuwa lazima na chuki na mtu, alikuwa akifuata utaratibu tu, akaifunga. Akaenda dukani kununua chumvi, akarudi na sabuni. Mchana Benson alimuuliza ana nini, akasema ni joto.

Hakuwa ameamini hata siku moja kwamba risasi ya gurudumu inaweza kumziba mtu koo. Hilo alilijua vizuri. Kilichomtafuna ni kwamba alikumbuka jinsi alivyoandika.

Mwaka jana mimba ilimtoka, na mtu pekee aliyemwambia alikuwa Jesca. Hata Benson hakujua kwamba ilikuwepo. Jesca alimshika mkono, akalia naye, akamchemshia mtori wa ndizi. Halafu ikaja kitchen party ya binamu yao, Clara, na Jesca akapewa maiki, kama kawaida. Alikuwa akimtania kila mtu kwa zamu, watu wanapiga vigelegele, mpaka zamu ikafika kwa wifi yake.

"Huyu wifi yangu mie mimba ilimtoka, akaona bora alee tasnifu. Eti wifi, na tasnifu nayo inanyonyeshwa?"

Ukumbi ulicheka. Genoveva naye alicheka, maana ungefanyaje mbele ya watu wote wale. Benson aliipata habari kesho yake kwa shangazi, akakaa kimya wiki nzima, ukimya wa mtu aliyeumizwa na hataki kuumiza. Na kibati cha Jesca kiliandikwa baada ya hapo. Ulimi wa Jesca, aliyezaliwa na Tupokigwe, uwe baridi na usio na faida. Maneno yalikuwa ya kunakili, ni kweli. Lakini vingine vyote aliviandika akitazama saa na kujaza vipimo kwa ajili ya Dokta Kamugisha. Kile hakukipima. Alikigongelea msumari kwa nyundo ya Benson, na alisikia raha.

Jumapili Genoveva na mama mkwe wake walikwenda hospitali. Jesca alikuwa amekaa kitandani, kitambaa kimezungushwa shingoni, amekonda, na alipomwona wifi yake alinyoosha mikono yote miwili. Walikumbatiana. Bi Tupokigwe akatoka kwenda kununua uji.

Jesca akachukua simu, akaandika haraka kama alivyokuwa akiongea, akamgeuzia kioo.

"Jana Mama kaniambia umeniroga kwa Kirumi. Nimecheka mpaka koo likauma. Nikipona unifundishe, kuna ishu na mwenye fremu ya duka langu."

Genoveva alisoma, akatabasamu, na hapo ndipo angeweza kuliacha. Wote walikuwa wamekwisha kumsamehe kosa ambalo hawakulijua. Kesho mgonjwa anapasuliwa, na mtu mwenye akili zake hamwongezei mgonjwa mzigo. Alijiambia hayo yote, na kila alipoyamaliza aliona mikono ya Jesca ikinyooshwa tena kumpokea, akashindwa kuivumilia.

"Wifi, jina la Benson halimo," alisema. "Ni lako tu. Vingine ni vya chuo. Chako nilikiandika baada ya ile kitchen party, na sikuwa najaribu chochote. Nilitaka unyamaze. Sijui vitu hivyo vina nguvu gani, naona havina. Lakini nilitaka."

Kidole cha Jesca kikasimama juu ya simu. Genoveva alisubiri. Alimjua wifi yake. Alijua sasa yanakuja matusi yenye vina, ya kumvua nguo mbele ya wodi nzima, na alikuwa ameyatamani njia nzima kutoka Tabata. Midomo ya Jesca ikafunguka, shingo ikakaza chini ya kitambaa, na kikatoka kipumzi tu, kama mtu anayepuliza chai. Akajaribu tena. Akashika koo. Machozi yakashuka mpaka kidevuni wala hakuyafuta.

Akaandika kwenye simu, akafuta. Akaandika tena, kwa muda mrefu, akafuta yote, akailaza simu kifudifudi kwenye shuka.

"Niandikie lolote," Genoveva alimwomba. "Nitukane, wifi."

Pazia likasogezwa. Bi Tupokigwe akaingia na kikombe cha uji, akiupuliza, akawatazama mmoja baada ya mwingine.

"Mbona mnalia? Mmeambiana nini?"

Jesca akamtazama mama yake, kisha akainua mkono taratibu na kumwelekezea kidole Genoveva: aseme yeye.

Benson hakuwepo safari hii wa kumsemea. Genoveva alisimama, akapokea kikombe cha uji kutoka mikononi mwa mama mkwe wake, akakiweka mahali ambapo hakitamwagika.

"Mama," alisema, "kaa kwanza."